Nchi Ambako Ndiyo na Siyo ni Neno Moja

Siku moja katika muhula huu tulikuwa tukifundisha hesabu katika darasa la sita, na mvua ilipiga mabati hata sauti yetu haikusikika. Tuliweka chaki chini, tukangoja. Ilipopungua kidogo, mtoto mmoja wa kiume, akaaye karibu na dirisha, aliinua mkono akauliza: "Mwalimu, je, yaweza kuwako nchi ambako mbili na mbili si nne? Nchi ambako jambo moja ni kweli, na papo hapo si kweli?"

Wenzake walicheka sana. Sisi hatukucheka. Tulimwambia kwamba swali lake ni jema, na kwamba tutalijibu siku nyingine. Tuliahirisha kwa sababu nchi hiyo twaijua. Tumekwisha kufika huko. Iko njiani baina ya Kasongo na Kabambare, nasi tulikaa humo siku tatu, wala hatukutoka na sifa yoyote.

Basi leo twataka kumjibu mtoto yule, nanyi msikilize pamoja naye.

Tuanze na hadithi, kwa maana huko ndiko mtu akutanapo kwanza na nchi hiyo. Lugha yetu ya Kiswahili ilifika Kasongo pamoja na watu wa pwani, wafanya biashara na wapagazi wao, walioweka makao hapa zamani za Tippu Tip, katika karne ya 19. Haikuja mikono mitupu. Ilikuja na hadithi zake. Bibi yetu, mzaa mama, hakujua kusoma, lakini alimjua Abunuwasi kana kwamba ni jirani yake. Hadithi iliyompendeza kupita zote ilikuwa ile ya sufuria.

Abunuwasi aliazima sufuria kwa jirani. Alipoirudisha alitia ndani yake kisufuria kidogo. Jirani akauliza ni nini hiki. Abunuwasi akamjibu kwamba sufuria yake imezaa. Jirani alijua sana kwamba sufuria haizai. Hata hivyo alipokea mama na mtoto, akafurahi. Baada ya siku chache Abunuwasi aliazima tena, na mara hii hakurudisha. Jirani alipokuja kudai aliambiwa: pole, ndugu, sufuria yako imekufa. Akapiga kelele: sufuria yafaje? Wakaenda kwa kadhi. Naye kadhi akatoa hukumu kwamba aliyekubali sufuria imezaa hana njia ya kukataa kwamba imekufa.

Bibi alikuwa akicheka mpaka machozi yamtoke, kisha alituuliza: "Je, jirani aliipoteza sufuria yake siku gani?" Sisi watoto tulijibu, siku ya pili. "La," alisema bibi. "Aliipoteza siku ya kwanza, alipopokea kile kitoto."

Miaka mingi baadaye, seminarini, mwalimu wetu wa mantiki alitueleza neno lile lile kwa njia nyingine. Aristotle, Mgiriki aliyeishi toka mwaka 384 hata 322 kabla ya Kristo, aliandika katika kitabu cha 4 cha Metafizikia kwamba kitu kimoja hakiwezi kuwa na sifa fulani na kuikosa sifa hiyo hiyo, kwa wakati mmoja na kwa namna moja. Hiyo ndiyo nguzo ishikayo nyumba yote ya akili. Haithibitishwi kwa nguzo nyingine iliyo imara zaidi, maana hakuna. Lakini anayeikana, asema Aristotle, mtazameni matendo yake. Akitaka kwenda mji wa Megara, mbona aondoka nyumbani na kutembea, kama kukaa na kwenda ni mamoja? Akifika kwenye kisima, mbona hajitupi ndani? Kinywa chake chakana, na miguu yake yakiri.

Ibn Sina, tabibu mkuu wa Uajemi aliyefariki mwaka 1037, alikuwa mkali zaidi. Alisema kwamba mwenye kuikana kanuni hiyo atiwe motoni, maadamu kwake moto na kutokuwa moto ni mamoja. Tena apigwe, maadamu kupigwa na kutopigwa ni mamoja. Darasani tulicheka. Hatukujua bado kwamba mambo yaweza kugeuka, kwamba wale walioiacha kanuni ndio watakaoshika fimbo.

Siku ile mwalimu wetu aliandika ubaoni hesabu ambayo walimu wa mantiki wa Paris waliijua tangu karne ya 12. Tuifanye kwa mfano wa bibi. Chukueni maneno mawili: "Sufuria huzaa," na "Sufuria haizai." Kubalini yote mawili. Sasa, ikiwa ni kweli kwamba sufuria huzaa, ni kweli pia kusema: "Ama sufuria huzaa, ama mbuzi wako wote ni mali yangu", kwa kuwa maneno mawili yakiunganishwa hivyo, yatosha moja kuwa kweli. Lakini umekwisha kukubali kwamba sufuria haizai. Upande wa kwanza umeanguka, umebaki wa pili. Basi mbuzi wako wote ni mali yangu. Lete kamba.

Jaribuni kutafuta kosa katika hatua hizo. Hamtaliona, maana kosa halimo njiani, limo mlangoni. Mwenye kupokea neno pamoja na kinyume chake hana nguvu tena ya kukataa neno lolote. Mwaka 1963 Newton da Costa, mtaalamu wa hesabu wa Brazili, alitunga namna za mantiki ziwezazo kuvumilia neno lenye kujipinga. Lakini hata yeye ilimpasa kujenga ua wa kuzuia hatua kama hizo, ili neno lile moja lisile shamba zima.

Hapa tuangalie, tusichanganye mambo. Ajabu ni kitu kimoja, kujipinga ni kitu kingine. Sungura wa hadithi husema kama mtu. Jambo hilo halijatokea, walakini halijipingi: ni sungura asemaye, si sungura asemaye asiyesema. Kule Kana maji yaligeuka divai: kwanza yalikuwa maji, halafu yakawa divai. Injili haituambii kwamba yalikuwa divai na si divai, katika balasi moja na kwa saa moja. Mtakatifu Thoma wa Akwino, aliyefariki mwaka 1274, aliuliza kama Mungu aweza kuyafanya yaliyopita yasiwe yamepita. Akajibu kwamba la. Sababu yake haikuwa kwamba nguvu za Mungu zapungua. Ni kwamba maneno yenye kujipinga hayataji kitu chochote kiwezacho kufanywa.

Jibu hilo twalikumbuka mara nyingi usiku, kwa sababu iko siku moja ambayo tungetaka isiwe imepita.

Tulikuwa na umri wa miaka ishirini na miwili, tumemaliza mwaka wa pili wa falsafa, tuko likizoni. Tulipanda baisikeli kwenda kumwamkia shangazi yetu, dada mkubwa wa baba, aliyekuwa mjane katika kijiji kimoja kwenye njia ya Kabambare. Tulimkuta ameketi chini katikati ya baraza. Kijana wa shemeji yake alikuwa amekufa kwa homa juma lililotangulia, na mganga mmoja alikuwa ameitwa kutoka mbali ili amtafute aliyemla.

Mganga hakuwa na haraka. Alimwuliza shangazi kama amemroga kijana. Shangazi akajibu, "La." Mganga akawageukia wazee: "Mmesikia. Mchawi gani hukiri? Kukana kwake ndiyo dalili." Shangazi akalia. "Atuonyesha machozi tusipate kumtambua," akasema mganga. Shangazi akafuta machozi. "Tazameni, hana uchungu na maiti." Mzee mmoja, mtu mwema aliyekuwa rafiki wa marehemu mumewe, alijaribu kumsaidia: "Shemeji, kiri tu, yaishe." Mganga akaitika: "Naam, na akikiri amejihukumu mwenyewe."

Sisi tulikuwa tumepewa kiti cha mgeni, maana waliyaheshimu masomo yetu. Tuliona jambo lote wazi kama maandishi ya ubaoni. Kukana, dalili. Kukiri, dalili. Kulia, dalili. Kutolia, dalili. Neno na kinyume chake yalitiwa katika kikapu kimoja, yakatoka na jina moja. Hata mwavi wa zamani, ile sumu waliyonyweshwa washitakiwa katika nchi nyingi za Afrika ya kati, ulikuwa na milango miwili: aliyetapika akapona alihesabiwa hana kosa, aliyekufa alihesabiwa ana kosa. Ulikuwa ukatili, tena uongo. Lakini angalau mambo mawili yaliyo mbalimbali hayakuwa na maana moja. Katika baraza lile hapakuwa na mlango hata mmoja.

Shangazi akatugeukia. "Mwanangu," alisema, "wewe umesoma. Niambie basi, niseme nini?"

Tulikuwa na jibu, na jibu lenyewe lilikuwa swali. Ilitupasa kusimama tu na kuwauliza wazee: "Je, mama huyu angesema nini, hata mjue kwamba hana kosa?" Swali hilo halihitaji seminari. Lakini tuliwaogopa wafiwa, tulimwogopa mganga, na zaidi ya yote tuliogopa mtu asije akatuuliza, "Nawe wamtetea kwa nini?" Tuliinama, tukamwambia kwa sauti ndogo: "Nyamaza tu, shangazi."

Alitutii. Alinyamaza.

"Mmeona?" akasema mganga. "Amenyamaza. Hana la kujibu."

Basi ushahidi wa mwisho juu ya shangazi yetu tuliutoa sisi wenyewe.

Siku ya tatu walimtoza mbuzi wake wote, nao walikuwa sita. Walipokuwa wakiwafunga kamba tuliikumbuka ile hesabu ya ubaoni, na hatukuona tena la kuchekesha ndani yake. Walibomoa paa la nyumba yake, wakampa mpaka jua litue awe ameondoka. Tulimchukua hata Kasongo, yeye ameketi nyuma ya baisikeli, na sufuria zake mbili zimefungwa mbele, zikigongana njia nzima. Aliishi mjini miaka minne, akiuza sombe sokoni. Hakulalamika kwetu hata mara moja, na kila tulipokwenda kumtazama alitupikia.

Alipougua ugonjwa wake wa mwisho tulikuwa tumekwisha kutoka seminarini na kuanza kazi ya ualimu. Jioni moja alituuliza, bila hasira, kama siku ile tulijua kwamba anaonewa. Tulikiri kwamba tulijua. Alikaa kimya kidogo. "Basi," alisema, "siku nyingine sema." Hakulitaja jambo hilo tena, na baada ya majuma mawili tulimzika.

Kuna kitabu ambacho tulikisoma tukiwa tayari walimu, nacho kilitutia haya. Kilichapwa mwaka 1940, na jina lake ni Elisi katika Nchi ya Ajabu. Ni tafsiri ya Kiswahili ya hadithi iliyotolewa mwaka 1865 na Mwingereza aliyejiita Lewis Carroll. Jina lake hasa lilikuwa Charles Dodgson, mwalimu wa hesabu huko Oxford, aliyeandika pia juu ya mantiki. Aliijua kanuni vizuri, na alipoivunja aliivunja kwa kusudi. Mwishoni mwa hadithi pana baraza la hukumu, na malkia ataka adhabu itamkwe kwanza, uamuzi ufuate nyuma. Elisi, mtoto mwanamke, asema kwa sauti kubwa kwamba huo ni upuuzi, na kwamba watu wote wale ni karata za kuchezea tu. Papo hapo baraza lote lavurugika, naye aamka usingizini.

Mtoto wa hadithi alifanya kwa maneno machache jambo ambalo mseminari mzima hakulifanya. Na hapa ndipo ilipo tofauti baina ya nchi ile ya kitabuni na nchi hii ya njia ya Kabambare. Hadithini kanuni ikivunjika twacheka, kwa sababu mtunzi mwenyewe ameishika mkononi, na kitabu kikifungwa sufuria zarudi kuwa sufuria. Kijijini hakuna mtunzi wa kufunga kitabu. Hapana budi mmoja wa walioketi asimame.

Wala msidhani kwamba nchi hiyo yawala mama wazee tu. Huko Tanganyika, tangu mwaka 1905 hata 1907, watu wa vita vya Maji Maji waliambiwa kwamba risasi za Wajerumani zitageuka maji. Mwaka 1964 Simba walipoingia Maniema yetu, nao walikuwa na dawa yao, wakipiga kelele za "Mai Mulele". Risasi kugeuka maji ni ajabu tu, si neno lenye kujipinga. Laweza kupimwa, na uongo wake kuonekana siku ya kwanza. Lakini dawa ilizungushiwa miiko: asiguse mwanamke, asiibe, asitazame nyuma. Aliyepona, dawa ndiyo iliyomponya. Aliyekufa, alivunja mwiko. Hivyo hata maiti hawakuruhusiwa kutoa ushahidi, na vijana wengine wakafuata nyuma yao.

Wengine watasema kwamba mambo haya ni kazi ya serikali. Ni kweli kwamba Katiba ya nchi yetu ya mwaka 2006, katika kifungu cha 41, yakataza kumshitaki mtoto kwamba ni mchawi. Ni neno jema, nasi twalifundisha darasani. Lakini kifungu hicho chataja watoto. Nywele nyeupe hakikuzitaja. Tena Katiba haiketi barazani jioni. Wanaoketi barazani ni sisi na ninyi.

Sasa turudi kwa mtoto wetu wa karibu na dirisha. Siku ile mvua ilipokatika na wenzake kutoka, yeye alibaki nyuma akipanga madaftari yake mara mbili, mara tatu. Tulimwuliza ana nini. Ndipo alipotuambia kwamba nyumbani kwao mtoto mchanga amekufa, na kwamba bibi yake ameitwa barazani siku ya Jumapili.

"Bibi akisema ndiyo, wasema mchawi," alituambia. "Akisema siyo, wasema mchawi. Mwalimu, hesabu hiyo yafanywaje?"

Jumapili baada ya Misa tulikwenda. Walitupa kiti cha mgeni, kama zamani. Magoti yetu yalikuwa yakitetemeka, na hatuoni haya kuliandika hilo, maana msomaji atakayetaka kufanya hivyo naye atatetemeka. Zamu ya bibi yule ilipofika tulisimama, tukawaomba wazee ruhusa, tukatoa lile swali tulilolichelewesha zaidi ya miaka kumi: "Wazee wetu, mama huyu aseme nini, ndipo mjue kwamba hana kosa? Kama liko neno, mtuambie, naye alijibu. Kama haliko, basi kwa nini mwamwuliza?"

Hapakuanguka karata. Mmoja alitukemea kwamba kazi ya mwalimu ni watoto wa shule. Mwingine alisema vitabu vimetuharibu. Wa tatu akauliza lile tuliloliogopa siku zote, kwamba twamtetea kwa nini. Nasi tulimjibu kwamba tulikuwa na shangazi. Lakini mkuu wa baraza alikaa kimya muda mrefu akitazama chini, kisha akamgeukia mshitaki. "Neno la mwalimu ni neno," alisema. "Haya, aseme nini?" Mshitaki hakuwa na jibu. Aliomba siku saba alitafute.

Hata sasa tuandikapo, siku saba hazijaisha. Hatujui mwisho wa shauri hilo, wala hatutaki kuwadanganya kwamba swali moja hushinda kila mara. Twajua hili tu: usiku wa leo bibi yule amelala katika nyumba yake mwenyewe, na mbuzi wake wako zizini.

Wazazi, hatuwaombi mjifunze Kigiriki. Na ninyi wanafunzi, si kila mtu lazima asome falsafa. Twawaomba mlishike swali hilo moja, mlichukue barazani, sokoni, hata katika ugomvi wa nyumbani, wakati mke au mtoto au mtumishi anaposhitakiwa: angesema nini, au angefanya nini, hata tumwamini? Ikiwa jibu ni kwamba hakuna, jueni kwamba hapo pamekwisha kupokewa kitoto cha sufuria. Kirudisheni mapema, kabla hamjaombwa sufuria yenyewe.

Mtoto yule tumemjibu hivi: "Naam, mwanangu, nchi hiyo iko. Hukaa maadamu hakuna anayeuliza."

Jumapili ijayo twarudi barazani. Amesema atakuja pamoja nasi.